Alimkabidhi Mumewe Studio, Akapoteza na Jina

Kabla Hollywood haijawa Hollywood, dada mmoja wa Kifaransa alikuwa ameshaongoza mamia ya filamu, amejenga studio yake mwenyewe na analea watoto wawili. Kisha dunia ikamsahau kabisa. Hiki hapa kisa cha Alice Guy, pamoja na swali ambalo kila wapenzi wanaotafuta maisha pamoja wanapaswa kuulizana mapema.

Juzi tulikuwa wanawake watano kwenye meza moja ya chakula cha mchana, kila mmoja na kazi na mihangaiko yake. Mmoja wetu ana duka la vifaa vya ujenzi, yeye na mumewe. Yeye ndiye anayefungua asubuhi, ndiye anayejua nani anadaiwa na saruji imebaki mifuko mingapi. Mwenzetu mmoja akamuuliza kiutani, "Hivi leseni ya duka ina jina la nani?"

Akacheka. "La baba watoto, la nani tena? Si sisi ni kitu kimoja?"

Meza nzima ikacheka naye. Mimi pia nilicheka, lakini moyoni nikamkumbuka Alice Guy, ambaye naye aliamini hivyohivyo.

Kama hujawahi kulisikia jina hilo, usijilaumu. Si wewe tu. Huyu ndiye anayetambuliwa leo kuwa mwanamke wa kwanza kuongoza filamu duniani, na ni miongoni mwa watu wa mwanzo kabisa, wake kwa waume, kutumia kamera kusimulia kisa cha kubuni. Katika muda wa takriban miaka 25 aliongoza, alitayarisha au alisimamia filamu zinazokadiriwa kufikia 1,000, nyingi zikiwa fupi za dakika chache. Alimiliki studio wakati ambapo mwanamke wa Ufaransa, na wa majimbo mengi ya Marekani, hakuruhusiwa hata kupiga kura. Halafu akafutika kiasi kwamba baadhi ya filamu zake zikaja kuandikwa majina ya wanaume aliowaingiza yeye mwenyewe kwenye kazi.

Ilikuwaje? Twende naye taratibu.

Dada wa mashine ya chapa

Alice alizaliwa tarehe 1 Julai 1873 huko Saint-Mandé, pembeni ya jiji la Paris. Baba yake alikuwa na biashara ya vitabu nchini Chile, kwa hiyo utoto wa binti huyu ulikuwa wa kuhamahama: mara kwa bibi yake Uswisi, mara Chile kwa wazazi, mara shule ya bweni ya masista. Baadaye biashara ikaanguka, baba akafariki, na Alice akajikuta msichana mdogo mwenye mama wa kumtunza.

Sasa tazama wakati wenyewe. Mwisho wa karne ya 19 miji ya Ulaya ilikuwa inabadilika haraka. Umeme, treni, viwanda, maduka makubwa, maofisi. Maofisi yalihitaji makarani, na wasichana wa familia za heshima, ambao zamani wangekaa nyumbani kusubiri posa, wakaanza kutoka asubuhi kwenda kutafuta mshahara. Alice akajifunza hati mkato na kupiga chapa, ujuzi ambao wakati ule ulikuwa mpya kama kompyuta ilivyokuwa kwa wazazi wetu. Mwaka 1894 akapata kazi ya ukatibu muhtasi katika kampuni ya vifaa vya kupigia picha jijini Paris. Mwaka uliofuata kampuni hiyo ikachukuliwa na Léon Gaumont, jina ambalo wapenzi wa sinema wanalijua hadi leo.

Tarehe 22 Machi 1895, Alice na bosi wake walialikwa kwenye onyesho dogo. Ndugu wawili, Auguste na Louis Lumière, walikuwa wanaonyesha mashine yao mpya. Kwenye kitambaa cheupe wakaonekana wafanyakazi wanatoka kiwandani, wanatembea kweli, kama walio hai! Waliokuwepo walipigwa na butwaa. Gaumont aliona biashara ya kuuza kamera. Katibu wake aliona kitu kingine. Alijiuliza kwa nini picha hizi ziishie kuonyesha watu wakitembea na treni zikiingia stesheni. Si zinaweza kusimulia kisa, kama mchezo wa jukwaani?

Akamwendea bosi. Kwa maelezo aliyoyaandika mwenyewe uzeeni, Gaumont aliliona wazo hilo kama mchezo wa wasichana, akamkubalia kwa sharti moja tu: barua za ofisi zisilale.

Ndivyo ilivyopatikana La Fée aux choux, yaani Kichimbakazi wa Makabichi. Ni filamu ya takriban dakika moja. Mwanamke mwenye gauni la kupendeza anatembea katikati ya makabichi makubwa na kutoa humo vichanga, mmoja baada ya mwingine, kwa sababu watoto wa Kifaransa waliambiwa kuwa watoto huokotwa kwenye kabichi. Alice alisema aliitengeneza mwaka 1896, akiwa na miaka 23 hivi. Wanahistoria bado wanabishana kuhusu mwaka kamili, maana nakala iliyopo leo ni ya mwaka 1900 hivi. Lakini kwamba dada wa chapa alikuwa miongoni mwa wa kwanza kuingia kwenye kazi hii, halina ubishi.

Hebu simama hapo kidogo. Alice alipewa nafasi si kwa sababu wanaume wa wakati ule walikuwa na moyo mweupe kuhusu usawa. Alipewa kwa sababu hakuna aliyeona kuna mali ndani yake. Mlango ulikuwa wazi kwa vile wote walidhani ni mlango wa stoo. Kumbuka jambo hili, tutalirudia.

Mchezo ukawa kazi

Filamu ziliuzika. Gaumont si mjinga, akampa katibu wake usimamizi wa filamu zote za kampuni. Kwa miaka kumi hivi, hadi mwaka 1906, Alice ndiye aliyekuwa mkuu wa utengenezaji filamu pale: anatunga visa, anachagua waigizaji, anatafuta nguo, anaongoza, anasimamia bajeti. Aliwaajiri na kuwafunza wanaume waliokuja kuwa magwiji, akiwemo Louis Feuillade, ambaye mwenyewe alimpendekeza arithi kiti chake.

Alijaribu kila kitu. Aliongoza filamu za sauti miaka zaidi ya ishirini kabla sinema za kuzungumza hazijateka dunia. Msanii alirekodi wimbo kwanza kwenye santuri, kisha akapigwa picha akiufuatisha kwa midomo, vilevile kama wasanii wetu wanavyofanya kwenye video za muziki. Mwaka 1906 akatoa filamu ya maisha ya Yesu yenye urefu wa zaidi ya nusu saa, mandhari 25 zilizojengwa na waigizaji wa ziada wapatao 300. Kwa wakati ule huo ulikuwa mradi wa kutisha.

Mwaka huohuo akatoa kichekesho ambacho ukikitazama leo utadhani kimetengenezwa juzi. Kinaitwa Les Résultats du féminisme, yaani Matokeo ya Harakati za Wanawake. Humo dunia imepinduka. Wanaume wanashona, wanapiga pasi na kusukuma vigari vya watoto. Wanawake wamekaa baa, miguu juu, sigara mdomoni, na wakimwona kaka mzuri anapita wanamsumbua barabarani. Mwishoni wanaume wanachoka, wanaasi na kuwafukuza wanawake baa. Watazamaji wa kiume walicheka wakidhani wanawacheka wanawake. Lakini fikiria: kila walichokiona hakikubaliki pale kwenye pazia, ndicho wake zao walichokuwa wanafanyiwa kila siku. Alice hakuhubiri. Aliwabadilishia nguo tu.

Mapenzi kazini

Mwaka huo wa 1906 Alice alisafiri kusini mwa Ufaransa kupiga filamu. Mpiga picha wake wa kawaida hakuweza kwenda, akapewa kijana mwingine, Herbert Blaché, mzaliwa wa London, mdogo kwake kwa karibu miaka tisa. Unajua safari za kazi zilivyo! Mapema mwaka 1907 wakafunga ndoa. Bibi harusi alikuwa na miaka 33, umri ambao jamii ilikuwa imeshamhesabu kuwa amechelewa.

Kuna jambo moja la kisheria ambalo ni vizuri ulijue. Mwaka huohuo, mwezi Julai, Ufaransa ilipitisha sheria iliyomruhusu mke wa mtu kuutumia mshahara wake mwenyewe apendavyo. Kabla ya hapo, fedha ya mke ilikuwa chini ya mamlaka ya mume. Huo ndio ulimwengu ambao Alice aliolewa ndani yake. Kampuni ilimtuma Herbert Marekani kutangaza mashine za filamu za sauti, na mkewe, bosi wa miaka kumi, akaacha kiti chake Paris akamfuata. Ilikuwa ndiyo desturi. Hakuna hata aliyeshangaa.

Biashara ya mashine haikushika. Mwaka 1908 akazaliwa binti yao, Simone. Mwanamke mwingine angesema basi, nimeshakuwa mama, yaliyopita yamepita. Lakini Alice aliona studio ya Gaumont pale New York, ambayo mumewe alikuwa anaisimamia, inakaa siku nyingi bila kazi. Mwaka 1910, mtoto akiwa na miaka miwili, akaanzisha kampuni yake na kuiita Solax.

Ikapaa! Kampuni ilianza na filamu moja kwa wiki, ikaongeza kasi, na mwaka 1912 Alice akajenga studio mpya huko Fort Lee, jimbo la New Jersey, ng'ambo ya mto kutoka New York, kwa gharama iliyozidi dola 100,000. Fort Lee wakati huo ndiyo ilikuwa Hollywood yenyewe. Na mwaka huohuo wa ujenzi alijifungua mtoto wa pili, Reginald. Ndani ya studio akatundika bango kubwa lenye ujumbe mmoja kwa waigizaji: iga maisha, usijifanye. Zama ambazo waigizaji walikuwa wanarusha mikono na kutoa macho kama wanafukuza kuku, yeye alitaka mtu alie kama watu wanavyolia na acheke kama watu wanavyocheka.

Filamu zenye ndoa zetu ndani

Hapa ndipo mimi binafsi nilipompenda. Zitazame filamu zake za miaka hiyo na utaona mambo tunayoyaandika kwenye kurasa hizi kila mwezi.

Mwaka 1912 alitoa filamu kuhusu Mrusi mmoja, Ivan, anayehamia Marekani na mkewe. Ilikuwa zama za wahamiaji, meli kwa meli zikishusha watu New York. Ivan anatembea mikono mitupu, mke amebeba mizigo. Anampiga, anamfanyisha kazi kama punda. Kila akifanya hivyo anatokea mtu wa kumpa somo, hadi siku anapofikishwa mahakamani na kufungwa. Anarudi mtu mwingine. Ni kweli filamu hiyo inaipamba Marekani kupita kiasi, kana kwamba wanaume wa kule hawakuwapiga wake zao. Lakini mwaka 1912, kusema hadharani kwamba kumpiga mke ni jambo la kumfikisha mtu jela, na si siri ya chumbani, haikuwa kawaida.

Mwaka 1913 akatoa A House Divided, Nyumba Iliyogawanyika. Mume na mke wanashukiana kwa ushahidi usio na kichwa wala miguu. Badala ya kuulizana, wanakwenda kwa mwanasheria, anawaandikia mkataba: wataishi nyumba moja bila kusemezana. Basi wakawa wanapelekeana vikaratasi! Ukiwaona mezani, kila mmoja amenuna na kuandika ujumbe wake, utacheka, kisha utaacha kucheka. Mara ngapi umemtumia mwenzio ujumbe wa simu na yuko chumba cha pili?

Nyingine ya mwaka huo inamhusu kijana aliyefilisika anayevunja uchumba kwa sababu hataki kusaidiwa na fedha za mchumba wake. Jeuri ya kiume, si unaijua? Binti, badala ya kulia, anatunga uongo: anamtumia simu ya maandishi kwamba kuna urithi atakaoupata akioa kabla ya saa sita mchana. Kijana anaanza kukimbia mitaani kuposa yeyote anayekutana naye.

Hazikuwa zote za kuchekesha. Katika Falling Leaves ya mwaka 1912, mtoto wa kike anamsikia daktari akisema dada yake mgonjwa wa kifua kikuu atafariki kabla jani la mwisho halijaanguka. Usiku anatoka na uzi kuyafunga majani yasianguke. Ni filamu isiyo na sauti, ya miaka zaidi ya 100 iliyopita, na bado inakukaba koo.

Mwaka huo pia alitengeneza kichekesho chenye waigizaji Weusi watupu, katika nchi ambayo Weusi waliigizwa na Wazungu waliojipaka masizi usoni. Inaelezwa kwamba waigizaji wake Wazungu walikataa kuigiza nao. Filamu yenyewe ina dhihaka za wakati ule zinazouma ukizitazama leo, na hilo tuliseme. Lakini waigizaji wale walipata nafasi mbele ya kamera yake na sura zao zikabaki.

"Wewe kaa kwenye kiti, mimi nifanye kazi"

Sasa tufike kwenye jambo lenyewe. Mwaka 1913 mkataba wa Herbert na Gaumont ulikwisha. Akawa mume wa bosi, hana kiti chake. Alice akampa uongozi mkuu wa Solax ili yeye abaki na kile alichokipenda, kuongoza filamu. Ukimuuliza mwanamke yeyote mwenye mapenzi ya kweli, atakuambia angefanya hivyo. Heshima ya mume si ndiyo heshima ya nyumba?

Isitoshe, mikutano na wafanyabiashara wenzao ilikuwa tayari inahudhuriwa na Herbert. Alice alieleza baadaye kwamba mumewe alimshauri asiende kwa kuwa akiwepo mwanamke, wale mabwana wangeshindwa kuvuta sigara zao na kutema mate kwa raha. Hebu fikiria! Kampuni ni yake, ila asiende kwenye kikao cha kampuni ili watu wateme mate kwa uhuru. Naye akakubali. Yamkini aliona ni jambo dogo. Mambo makubwa huanza hivyo, yakiwa madogo.

Baada ya miezi michache Herbert akajiuzulu, akaanzisha kampuni yenye jina lake, akitumia studio na vifaa vilevile. Solax ikafifia polepole. Wawili hao wakaendelea kufanya kazi pamoja, wakipokezana kuongoza, lakini nembo iliyokuwa inang'aa sasa ilikuwa ya bwana.

Tusimwonee Herbert peke yake. Wakati nao uligeuka. Filamu zikawa ndefu na za gharama, mabenki na makampuni makubwa yakaingia, Vita Kuu ya Kwanza ikavuruga biashara, na watengenezaji wakahamia California kwenye jua la mwaka mzima. Na hapa ndipo ule mlango wa stoo unarudi. Siku iliyojulikana kwamba ndani yake kuna dhahabu, wenye fedha waliweka walinzi mlangoni, na walinzi hao hawakuwa wanawake.

Nyumbani nako moto. Mwaka 1918 Herbert aliondoka kwenda California pamoja na mwigizaji mmoja kijana. Alice akabaki na watoto na madeni. Mwaka uliofuata akaugua ile homa ya mafua iliyoua mamilioni ya watu duniani, nusura afe. Alipopona, Herbert akamwita California. Alikwenda, lakini hawakuishi nyumba moja, na pale alifanya kazi ya msaidizi wake. Ndiyo, umesoma sawasawa: aliyekuwa bosi wa Solax akawa msaidizi wa aliyempa kiti.

Filamu yake ya mwisho ilitoka mwaka 1920. Huo ndio mwaka ambao katiba ya Marekani ilibadilishwa na wanawake wa nchi nzima wakapata haki ya kupiga kura. Dunia ilikuwa inawafungulia wanawake mlango mmoja huku ikimfungia yeye mwingine. Studio ya Fort Lee ikaenda mnadani. Mwaka 1922 wakatalikiana, naye akawachukua watoto akarudi Ufaransa.

Mali bila daftari

Alikuwa anakaribia miaka 50, na uzoefu ambao watu wachache sana duniani walikuwa nao. Hakuna aliyempa kazi. Hakuongoza tena filamu hata moja. Alipata riziki kwa kuandika hadithi za watoto na kuandika visa vya filamu za watu wengine ili visomwe magazetini.

Lakini kilichomuuma zaidi hakikuwa fedha. Mwaka 1927 alikwenda Marekani kuzitafuta filamu zake, hadi kwenye Maktaba ya Bunge jijini Washington. Alirudi mikono mitupu. Mwaka 1930 ikatoka historia ya kampuni ya Gaumont, na miaka yote ya kazi yake haikutajwa humo. Akamwandikia bosi wake wa zamani, naye akaahidi kusahihisha. Gaumont alifariki mwaka 1946. Vitabu vya historia ya sinema vikatoka kimoja baada ya kingine, na filamu zake zikiwa chini ya majina ya wanaume waliokuwa wasaidizi wake. Hakuna aliyepanga njama. Waandishi waliona filamu isiyo na jina, wakadhani tu kwamba lazima ni ya mwanaume.

Wahenga walisema mali bila daftari huisha bila habari. Filamu za mwanzo hazikuandikwa nani kaongoza. Wakati wa kufanya kazi Alice hakujali hilo, alikuwa na kazi ya kufanya. Uzeeni, akiishi na binti yake Simone aliyemtunza, ndipo akaanza kuandika daftari lake: orodha ya filamu kwa kumbukumbu, barua kwa wanahistoria, na kitabu cha maisha yake ambacho hakuna aliyekichapa akiwa hai. Miaka ya 1950 Ufaransa ilimpa nishani ya heshima ya Légion d'honneur. Alifariki tarehe 24 Machi 1968, akiwa na miaka 94, katika jimbo lilelile la New Jersey alikojenga studio yake.

Kitabu kikatoka mwaka 1976. Na lile daftari likafanya kazi. Watafiti wakaanza kufuata orodha, wakafungua makopo kwenye maghala ya filamu, na hadi sasa filamu zake zipatazo 150 zimepatikana. Mwaka 2018 ikatoka filamu ya maisha yake, Be Natural, jina lililotokana na lile bango la studio. Mwaka 2024, kwenye ufunguzi wa Michezo ya Olimpiki jijini Paris, sanamu za dhahabu za wanawake kumi wa Ufaransa ziliinuka kando ya mto Seine. Moja ilikuwa ya Alice Guy.

Dhahabu hiyo ilichelewa miaka 56.

Na sisi je?

Sijaandika haya ili ukamtilie mumeo shaka. Ndoa ya Alice haikuvunjwa na karatasi, na karatasi peke yake isingeiokoa. Wala sisemi kosa ni kusaidiana. Wawili wanaojenga pamoja ni jambo jema kuliko yote. Ninachosema ni kwamba "sisi ni kitu kimoja" ni maneno matamu ya kuambiana, ila hayafai kuwa mpango wa biashara. Kitu kimoja kinaweza kuwa na majina mawili. Mwenye mapenzi nawe hataona vibaya kuliandika la pili.

Na wewe kaka unayesoma, fikiria upande wa Herbert. Alikuwa na kipaji na mke aliyemwamini. Kiti alichopewa kwa mapenzi kilikuwa na jukumu: kumlinda aliyempa. Angesema tu, "Mke wangu, kikao ni chako, waache wateme mate nje," labda leo tungekuwa tunawataja wote wawili kwa fahari.

Basi kabla hujalala leo, zimeni simu, mkae, muulizane haya matano:

1. Mali na biashara tulizonazo zimeandikwa jina la nani, na nyaraka zipo wapi?

2. Yupi kati yetu anakwenda kwenye vikao, benki na kwa wateja wakubwa? Na mwingine anafahamika huko?

3. Nani aliacha nini ili mwenzake apande? Tumewahi kumshukuru kwa maneno?

4. Kama kesho mmoja hayupo, kwa kifo au kwa kuachana, mwingine ataweza kuonyesha kazi aliyoifanya?

5. Watoto wetu wakiulizwa nani alijenga hii nyumba, watataja jina moja au mawili?

Yule rafiki yangu wa duka la ujenzi nilimsimulia kisa hiki jioni ileile kwenye simu. Alinyamaza muda mrefu, nikadhani mtandao umekatika. Kisha akasema, "Ngoja nimuulize baba watoto kama leseni inaweza kuwa na majina mawili."

Wiki iliyopita alinitumia picha ya karatasi. Ina majina mawili, na la kwake limeandikwa vizuri, kwa herufi kubwa.